Wino wa Mchele

Watu wakiniuliza kwa nini msichana wa Kilwa alikwenda kutembea Rufiji wakati wa vita, jibu langu huwachekesha. Nilikwenda kuuangalia mpunga.

Shangazi yangu, dada yake baba, aliolewa Mbwera, kule mto unakogawanyika vijito na visiwa kabla ya kuingia baharini. Kila alipokuja kwetu alitusimulia kwamba mpunga ukikaribia kuiva upepo huupitia, nao ukalala na kuinuka kama kifua cha mtu aliyesinzia. Nilikuwa na miaka kumi na saba, na maneno ya namna hiyo yalinitosha kufunga safari. Vita vya Maji Maji vilikuwa vimeingia mwaka wa pili. Baba alisema vita viko milimani kwa Wamatumbi, visiwani kuna mbu tu. Nikapakiwa mashua ya jamaa waliokuwa wakienda kukata boriti za mikoko, na kifurushi changu cha kanga mbili, sahani nyeupe ya kumtunza shangazi, na zafarani kidogo iliyofungwa kitambaani.

Zafarani ile alinipa baba. Alikuwa akisomesha chuo cha Kurani, watoto wa kiume wakikaa barazani na mimi nyuma ya mlango. Nilifika juzuu ya kumi na mbili, kisha mama akafariki na jiko likanishika. Lakini mwandiko wangu ulikuwa mzuri, hilo nalisema bila haya. Baba alinifundisha kuandika kombe, yaani aya zinazoandikwa kwa zafarani juu ya sahani, zikaoshwa kwa maji, na mgonjwa akanywa. Akaniambia, ukiugua ugenini, jiandikie.

Nilimkuta shangazi hayupo kijijini. Msimu wa mpunga kuiva watu wote huhamia mashambani, wakakaa kwenye madungu, vibanda vya makuti vilivyoinuliwa juu ya nguzo ndefu, ili waamie ndege na kuwafukuza nguruwe. Mumewe alikuwa amechukuliwa kubeba mizigo ya askari wa Wadachi, na hakuna aliyejua yuko wapi. Dunguni walibaki shangazi, mke mwenziwe, na binti wa huyo mke mwenza, mtoto wa miaka minne. Yule mke wa pili tulimwita Bi Mdogo. Alikuwa mwembamba, mweusi wa kung'aa, na alinipokea vizuri sana, ila jina langu hakuliuliza. Tangu siku ya kwanza mpaka ya mwisho aliniita mgeni.

Siku ile ya kwanza alinipa maji kwa kata mpya, kifuu kilichochongwa maua ubavuni, akaniambia, "Hii yako peke yako." Nikafurahi mno. Nikajisemea kwamba watu wa Mbwera wanajua kumheshimu mtu. Niliilaza kando ya kichwa changu kama zawadi ya harusi.

Siku ya tano nilikuwa na kiu, kata yangu iko mbali, nikachota mtungini kwa kata ya nyumba. Bi Mdogo alikuwa anasuka mkeka. Aliweka ukindu chini, akainuka, akauinamisha mtungi, akaumwaga wote. Na maji ya kule si ya kumwagwa ovyo. Bahari ikijaa, vijito vyote huwa chumvi. Mtu hungoja maji yapwe, mto uisukume chumvi nyuma, ndipo apige kafi kwenda juu kuteka. Shangazi akasema upesi kwamba mtungi ulikuwa umeingia wadudu. Nikaamini, mpaka adhuhuri hivi.

Baada ya hapo nilianza kuona mambo. Nikitoka kuoga, kifurushi changu kimefungwa fundo jingine. Nikiimba peke yangu, na mimi huimba sana, Bi Mdogo husogea kusikiliza maneno. Kazi yangu ilikuwa kuamia. Kutoka dunguni kamba zilitandazwa kila upande wa shamba, zimefungwa makombe ya chaza na vipande vya mianzi. Ndege wakishuka unavuta, shamba zima linapiga kelele, wanaruka kama moshi. Niliipenda kazi ile. Lakini nikivuta kamba ya kusini, upande wa milimani, Bi Mdogo alitazama kwanza mimi, kisha kule nilikovutia, kama anayetafuta nani ameitwa.

Na mimi nikaanza kumshuku yeye. Chakula akipakua yeye nilingoja mtoto ale kwanza. Naona aibu kulisema, kwa sababu mtoto yule nilimpenda. Alikuwa akinilalia mapajani na kuniuliza kama Kilwa kuna viboko, na kama wanaruhusiwa kuingia msikitini.

Siku moja tukitwanga pepeta, ule mpunga mbichi unaokaangwa na kupondwa ukawa mtamu kuliko halua, nilimuuliza shangazi nimemkosea nini mwenziwe. Akatazama kama Bi Mdogo yuko mbali, ndipo akaniambia. Bi Mdogo kwao ni bara, upande wa Kibiti. Mwaka uliotangulia alifika kwao mgeni mmoja, mtu mchangamfu, mwimbaji, akapendwa na nyumba nzima. Siku mbili wakamkirimu, ya tatu wakampa jembe kama ilivyo ada, naye akatoa kibuyu. Akawaambia atakayekunywa maji yale na kunyunyiziwa, risasi za Wadachi zitamgeukia maji. Kaka yake Bi Mdogo akanywa. Akaenda milimani na wenzake, wanaimba. Hakurudi yeye wala nguo yake.

"Sasa wewe nawe," shangazi akasema, "umekuja unacheka na unaimba. Ungekuja umenuna ingekuwa afadhali."

Nikajaribu kununa. Sikuweza zaidi ya nusu siku.

Kisha mtoto akashikwa na homa. Siku ya kwanza tulisema ni jua. Siku ya pili wakamfukiza kwa majani ya kivumbasi. Siku ya tatu alikuwa hali, hanywi, macho yamegeuka, na ukimshika mkono unahisi umeshika chungu kilichotoka motoni. Bi Mdogo alimbeba asubuhi nzima, hakutaka apokelewe. Ndege wakatua shambani kwake, wakala, hakuna aliyevuta kamba.

Shangazi akamwambia mbele yangu kwamba binti wa kaka yake anajua kuandika kombe, baba yake ni mwalimu. Bi Mdogo hakujibu, wala hakukataa. Nikachukua kimya chake kuwa ruhusa. Nikatoa ile sahani nyeupe, nikaloweka zafarani yote niliyokuwa nayo, nikaandika kwa utulivu kuliko nilivyowahi kuandika, nikaosha kwa maji ya mtungini. Yakawa ya manjano mazuri. Nikampelekea kwa mikono miwili.

Aliyatazama. "Kunywa wewe."

Nikanywa funda mbili, nikamrudishia.

"Yote."

Nilitaka kumwambia kwamba sina zafarani nyingine, lakini alikuwa amekwisha kunisukumia sahani. Nikanywa mpaka tone la mwisho. Akanikalisha mbele yake, mtoto mapajani, akawa ananiangalia. Jua likatoka utosini likaelekea magharibi. Nataka kusema ukweli: nilijua ni zafarani na aya, nimeziandika kwa mkono wangu, na bado nikaanza kuhisi ulimi unakuwa mzito. Mtu akikutilia shaka muda mrefu hivyo, unaanza kujichunguza mwenyewe.

Alasiri akasema, "Andika jingine."

Nikalia. Nikamwambia zafarani imekwisha, ameninywesha yote. Nilidhani atanipiga. Akamkabidhi mtoto kwa shangazi, mara ya kwanza tangu asubuhi, akakaa kidogo ameshika kichwa. Kisha akaniuliza baba yangu huwaandikishia watoto wa chuo kwa wino gani. Nikamwambia wino wa mchele ulioungua.

Basi aliinuka akafanya kila kitu yeye. Akakata masuke ya mpunga wake, akayapura, akatwanga, akakaanga mchele kwenye kigae mpaka ukawa mweusi kama mkaa, akausaga juu ya jiwe. Akapiga kafi kwenda kuteka maji yake, kwa kuwa yalikuwa yameanza kupwa. Akatoa sahani aliyokuja nayo alipoolewa, akaisugua kwa jivu mara mbili. Hata tete la kalamu alilikata yeye ukingoni. Mimi nililichonga tu, naye kasimama juu yangu.

"Mpunga wangu, maji yangu, sahani yangu," akasema. "Wewe nataka mkono tu. Na mkono wako nauona."

Nikaandika. Wino ule haukuwa na gundi, ukawa unatiririka. Baba angenichapa kwa mwandiko ule. Bi Mdogo akaosha sahani mwenyewe. Akanywa funda moja, akangoja, kama anayesikiliza ndani ya mwili wake. Kisha akamfungua mtoto kinywa kwa kidole akamtilia kidogo kidogo, na yale maji meusi yakamtiririka kidevuni, naye akimfuta na kumtilia tena.

Jua halijazama mtoto akaanza kutoka jasho. Kesho yake akaomba pepeta. Mimi siwezi kuapa ni nini kilichomponya. Shangazi alimfukiza, mama yake alimbeba, homa nyingine zina siku zake, na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye. Bi Mdogo hakunishukuru. Ila siku ile nilichota mtungini kwa kusahau, na hakumwaga.

Kama mambo yangekomea hapo ningeondoka na furaha. Lakini shangazi yangu anapenda sana watu wake, na mdomo wake haujui vita. Akaenda kwenye vinu, wanawake wa madungu yote wakitwanga, akatangaza: binti wa kaka yangu ameandika, mtoto amekunywa maji, ameinuka. Sijui habari hiyo ilimfikiaje jumbe, mkuu wa vijiji vile, wala ilikuwa imebaki na maneno gani. Siku ya pili ukaja mtumbwi, na ndani yake mtu aliyetumwa na huyo jumbe.

Siku zile mtu akishikwa na maji ya dawa alipelekwa bomani kwa Wadachi, na tulisikia wengi hawakurudi. Yule mtu alisimama chini ya dungu, hakupanda. Alitoa salamu zote kwa taratibu, akauliza habari za shamba, ndipo akasema amesikia hapa kuna mgeni anagawa maji. Shangazi akapauka uso. Mimi nilimtazama Bi Mdogo, nikasema moyoni, ni yeye aliyenichongea, na sasa atamaliza.

"Maji gani?" Bi Mdogo akasema. "Mtoto wangu alikuwa na homa, nikamkaangia mchele, nikampa maji yake. Kwenu hampi?"

Yule mtu akasema kwao pia wanampa.

"Basi mwambie jumbe, akiyataka na yeye augue kwanza."

Mtu akacheka bila kupenda. Akauliza, na mgeni je?

"Mgeni anaamia ndege. Tena vibaya. Tazama shamba langu lilivyoliwa."

Akalitazama shamba, akanitazama mimi kwa muda ulionichosha miguu, akapanda mtumbwi wake. Tukamtazama mpaka alipokata kona ya mikoko. Shangazi akaanza kuomboleza kwamba ulimi wake utamuua, na Bi Mdogo akamjibu kwa upole, "Haukuui wewe, Bi Mkubwa. Ungemuua huyu."

Kisha akanigeukia. Kwa mara ya kwanza alizungumza nami kama ndugu anavyozungumza na ndugu, sauti ya chini, mtoto akichezea ushanga wake. Akasema kesho maji yakianza kupwa atanipeleka mlangoni mwa bahari, wakata boriti bado wapo, watanirudisha kwetu. Nikamwambia nilitaka kungoja mavuno.

"Nimekutetea mara moja," akasema. "Ya pili watauliza vizuri zaidi, na mimi nina mtoto."

Nikamuuliza kama bado ananishuku. Nilikuwa na haja ya kusikia hapana. Nina moyo wa kijinga namna hiyo. Akaenda kuvuta kamba za ndege.

Kesho yake alipiga kafi njia nzima, mtoto amemfunga mgongoni. Mashua ya wakata boriti ilipoonekana aliusogeza mtumbwi kwenye mchanga, akanishushia kifurushi. Safari hii hakukifungua. Nikamwachia sahani yangu nyeupe ampe shangazi, maana kwa ile hofu nilikuwa sijamkabidhi. Akaipokea, akaigeuza juu chini, akauliza bila kunitazama, siku ile niliandika nini.

Nikashangaa kwamba hakuna aliyeuliza, na mimi sikuwahi kusema. Nikamwambia ni Alhamdu, ile ile anayoisoma yeye mwenyewe katika kila sala, hakuna neno jingine. Nilitabasamu. Nilidhani atacheka, tucheke wote kwa siku zile zote tulizopoteza.

"Yule wa kibuyu naye alianza na bismillahi," akasema.

Nikaingia majini mpaka magotini, jamaa wakanivuta mashuani. Nilipogeuka alikuwa amesimama pale pale mchangani, mkono juu ya macho. Nikampungia. Hakupunga. Alikaa vile mpaka tukatoka nje kabisa, na sidhani alikuwa akiniaga. Alikuwa akihakikisha nimekwenda.