Msasa Bila Maji

Ukimuuliza Bitutu anafanya kazi gani, tafuta kiti kwanza. Anachora, anachonga, anashona matambara makubwa kama turubai za harusi, halafu anasimama katikati ya hayo yote na kuigiza bila kusema neno. Majirani zake wa Kiogoro wameamua kumwita mwalimu, yaani wamechoka kuuliza. Mwenyewe husema anatafuta kumbukumbu. Mama yake, Gladys, alimjibu siku moja kwamba kumbukumbu ziko tele nyumbani Tabaka, aje na gunia.

Gladys alipiga msasa mawe ya sabuni kwa miaka thelathini na mmoja. Tabaka wanaume ndio huchonga na wanawake ndio husugua. Unakaa chini, karai la maji mbele yako, kiboko wa jiwe mapajani, unasugua mpaka mikwaruzo ya kisu iishe. Jina likiandikwa chini ya kinyago huwa la mchongaji. Aliyesugua hana jina, na jambo hilo limemkera Bitutu tangu akiwa mtoto.

Kisha likaja suala la kitambulisho. Gladys alienda kutengenezewa kipya, na mashine ikakataa vidole vyake. Karani akavipangusa, akavikandamiza tena kimoja kimoja, vyote kumi. Hakukuwa na mistari, jiwe lilikuwa limeila yote.

"Sasa mama, wewe ni nani?" karani akatania. Foleni nzima ikacheka, Gladys akiwemo. Bitutu, aliyemsindikiza, hakucheka.

Kitambulisho kilipatikana baadaye, lakini Bitutu hakuweza kulala na lile swali. Alimpaka mama yake wino, akavichapa vidole vyake kwenye karatasi, akavikuza vikawa mabaka meusi yenye ukubwa wa mlango. Akayatundika kwenye maonyesho mjini Kisii, jina kamili la mama chini yake. Hakumwambia, alitaka amshtue kwa zawadi. Zawadi gani hiyo jamani! Wanawake wawili wa kanisa la Gladys walipita pale, wakarudi Tabaka na habari kwamba Bitutu amemwanika mama yake kama mtu asiye na alama duniani.

Gladys hakugomba. Aliacha tu kupiga simu, yeye ambaye kila Ijumaa, kabla jua halijatua na Sabato kuanza, alikuwa lazima aulize kama binti yake amekula. Miezi minne ikapita hivyo. Bitutu aliumia, na alijua kosa ni lake.

Akayashusha mabaka. Akaandaa onyesho jingine, safari hii Tabaka kwenyewe, uani kwa mzee Onchiri, mchongaji aliyefanya kazi na Gladys tangu ujana wao. Angekaa chini asugue jiwe kwa muda wa saa tatu mbele ya watu. Alimtuma Onchiri apeleke mwaliko.

"Nimemwambia," Onchiri akasema. "Anasema ako na ndizi za kukata."

Jumapili watu wakaja, na Gladys hakuwamo. Bitutu akaketi na gauni lake jeusi, jiwe mapajani, bila karai. Maji aliyaacha makusudi. Alitaka lile vumbi jeupe limtue kwenye nywele na mikono, watu waone jinsi mtu anavyofutika. Kusema kweli, ilipendeza. Vijana wakatoa simu wakapiga picha. Baada ya dakika ishirini akaanza kukohoa.

"Nani alikufundisha hivyo?"

Ilikuwa sauti ya Gladys, pale langoni, ndoo ya maji mkononi.

"Mtu anasugua jiwe kavu? Unataka kumaliza mapafu? Watu watasema sikukufundisha kitu!"

Watazamaji wakadhani ni sehemu ya onyesho, wakapiga makofi.

"Mnapiga makofi ya nini? Leteni karai!"

Karai likaletwa. Gladys akaketi, akalilowesha jiwe, rangi ya waridi ikajitokeza, wakaanza kusugua bega kwa bega. Bitutu akavunja kimya chake.

"Mama, nisamehe. Niliandika jina lako nikaonyesha kwamba huna alama."

Gladys akajifuta mikono. Alimwomba Onchiri amletee vinyago vya zamani vilivyobaki bandani. Onchiri akaleta twiga aliyevunjika pembe na kiboko aliyekuwa akitumika kuzuilia mlango. Gladys akafumba macho. Akampapasa twiga.

"Huyu ni wa Drusilla, Mungu ampumzishe. Kila siku alikuwa anasahau kusugua nyuma ya masikio."

Akamshika kiboko. Kidole gumba kikapita mgongoni, kikashuka, kikasimama.

"Huyu ni wangu. Mnunuzi alimkataa." Akauchukua mkono wa binti yake, akaupeleka chini ya tumbo la kiboko. Pale jiwe lilikuwa bado na mikwaruzo ya kisu, halijaguswa na msasa. "Unasikia hapo?"

"Nasikia, Mama."

"Nilikuwa na mimba yako, mwezi wa nane. Tumbo lilikuwa limejaa hapa mapajani, nikashindwa kumgeuza. Hapo ni wewe ulinizuia."

Bitutu hakuuondoa mkono. Onyesho lilikuwa limebakiza saa mbili na nusu, na hakuna mtu aliyeondoka.

"Na umekula?" Gladys akauliza.