Herufi Mbili za Bi Nasaha

Wifi yangu hana mzaha na maneno. Ukimwambia "nakuja sasa hivi" halafu ukachelewa, atakuuliza hiyo sasa hivi yako inaanzia wapi. Alifundisha malezi na ushonaji katika shule za wasichana mpaka akastaafu. Kaka yangu, ambaye ndiye mumewe, alipofariki, tukajikuta wajane wawili kwenye nyumba moja na meza moja. Upande huu cherehani yangu, maana mimi nashona sare za shule, na upande ule makaratasi yake. Kwa ajili ya hiyo meza tuligombana kuliko tulivyowahi kugombana kwa ajili ya kaka yangu, na kwa ajili ya kaka yangu tuligombana kweli.

Hapo mezani ndipo alipoandika kitabu chake cha nasaha kwa wasichana. Ni kitabu kidogo chenye jalada la kijani, kinaingia kwenye mfuko wa sketi ya shule. Najua, kwa sababu mifuko hiyo nimeishona mimi. Walimu wakuu walikipenda, wakawa wanakitoa zawadi kwa wanafunzi waliofanya vizuri, na watu wakaanza kumwita Bi Nasaha. Mwanzoni ilikuwa utani. Yeye alijifanya jina hilo limemchukiza, lakini ukimwita hivyo sokoni anageuka haraka kuliko akiitwa kwa jina lake.

Alivyokuwa akiandika ilinichosha. Alikuwa ananisimamishia cherehani, "Wifi, hebu sikiliza hii," halafu ananisomea sentensi moja. Nikipiga miayo, anaifuta. Alisema wasichana wanaambiwa kaa vizuri na usicheke sana tangu wanapoanza kutembea, na hakuna anayewaeleza sababu. Kwa hiyo yeye alieleza. Kitabu kilisema namna ya kujitunza siku za hedhi bila kuona aibu. Kilisema ukimkataa mvulana, kataa mara moja uende zako, kwa sababu ukianza kujieleza ataona unataka kubembelezwa. Hiyo nilipoisikia sikupiga miayo.

Miaka ilipita, kitabu kikahitaji toleo jipya. Mpiga chapa alikuwa amehamia kwenye kompyuta na mitambo yake ya zamani haipo, ikabidi kitabu chote kichapwe upya tangu mwanzo. Walileta nakala ya kusahihishwa. Wakati huo wifi ana mtoto wa jicho, anasoma karatasi ikiwa karibu kugusa pua. Nilimwambia ampe mtu mwingine aisome. Akanijibu kwamba kitabu chake anakijua kwa moyo na hahitaji mtu wa kumsomea. Akakimaliza kwa siku chache akakirudisha.

Baadaye mwanangu alipata kazi mbali, akaniletea binti yake nikae naye. Alikuwa darasa la sita. Tulimwita Chiriku, na aliyewahi kukaa naye chumba kimoja hakuuliza kwa nini. Anaongea akila, anaongea akipiga mswaki, na akilala anaendelea. Bi Nasaha alimpa kitabu cha toleo jipya, akamwandikia jina ndani. Loo, nilikoma! Mtoto alikishika chote kichwani, ikawa siwezi kufanya jambo ndani ya nyumba yangu. Nikiongea na chakula mdomoni, naambiwa kitabu kimekataza. Nikimsengenya jirani, vilevile. Wifi anainamia makaratasi yake huku mabega yanamtikisika kwa kicheko.

Hesabu zilikuwa zinamsumbua Chiriku, tukampeleka masomo ya ziada kwa mwalimu mmoja wa mtaa wa pili. Alifundishia sebuleni kwake. Alikuwa mwenyekiti wa kamati ya wazazi, mtu ambaye ukimwona kwa mbali unajiandaa kumwamkia. Watoto walikwenda kwa kundi. Baada ya muda tukaambiwa wetu yuko nyuma sana, awe anabaki kidogo wenzake wakiondoka. Tukashukuru.

Halafu mtoto akanyamaza. Anakula kimya, anaosha vyombo kimya. Siku za masomo tumbo linamuuma, na siku nyingine haliumi. Bi Nasaha alifurahi. Aliniambia binti anakua, ameanza kutulia, na nilimwona anakitazama kile kitabu cha kijani kama mtu aliyesifiwa. Mimi moyo ulikataa. Nilimwambia mtoto hazimi ghafla kama redio iliyoishiwa betri. Nilimuuliza Chiriku kama ameanza kuona siku zake, kama kapigwa, kama anamkumbuka baba yake. Kila swali, "Hapana, Bibi." Nikiuliza zaidi anakwenda chooni.

Mchana mmoja nilimwambia avae viatu aende masomoni. Akashika mwimo wa mlango, na nilipomvuta mkono nikaona vidole vimegeuka vyeupe kwa kung'ang'ania. Hasira zikanipanda, si kwa ajili yake, ni kwa sababu niliogopa. Nikakaa chini palepale kizingitini, nikamwambia leo hatuondoki hapa mpaka aniambie ana nini.

"Siruhusiwi," akasema.

"Na nani?"

"Kitabu."

Bi Nasaha aliweka kalamu chini. Alikuwa anatabasamu, alidhani ni mambo ya kitoto. Akauliza ni kitabu gani hicho kinachomkataza mtoto kuongea na bibi yake.

"Chako, Bibi Mwalimu."

Akaenda kukileta. Hakuhitaji kutafuta ukurasa, kitabu kilifunguka chenyewe. Wifi akakipokea, akakisogeza usoni, akasoma kwa ile sauti yake ya darasani: "Mtu mzima akikutendea jambo la kukutia aibu, usinyamaze, hasa akiwa mtu wa kuheshimiwa. Heshima ya nyumba yenu iko mikononi mwako." Akamwangalia mtoto, haelewi.

"Hujasoma vizuri," Chiriku akasema. "Soma tena."

Akasoma tena. Usinyamaze. Mtoto akaja akaweka kidole juu ya karatasi.

"Hapa hakuna *si*."

Wifi aliegemeza uso kwenye ukurasa ule muda mrefu. Nikakichukua, nikasoma mimi, maana macho yangu ni mazima. Unyamaze. Ndivyo kilivyochapwa: *unyamaze, hasa akiwa mtu wa kuheshimiwa*. Na heshima ya nyumba yenu iko mikononi mwako. Sentensi yote imekaa sawasawa, hakuna palipopinda. Yeye alisahihisha kwa moyo, na moyoni mwake ile silabi ilikuwepo.

Basi akaanza kuhangaika. Mara amtukane mpiga chapa, mara afungue kabati atafute toleo la kwanza atuonyeshe kwamba yeye hakuandika hivyo. Makaratasi yanaanguka. Mtoto amesimama katikati, anatutazama kwa zamu, na nikaona uso wake unaanza kujifunga tena. Nikampigia wifi kelele kwamba kitabu kitasubiri. Hapo akasimama. Akapiga magoti mbele ya Chiriku, na magoti yake ni mabovu, kanisani hapigi tena.

"Mimi ndiye niliyekiandika," akamwambia. "Niliandika usinyamaze. Kitabu kimekosea, mwanangu, na mimi nimekosea. Sema."

"Lakini hata yeye alinionyesha."

"Nani?"

"Mwalimu. Alinifungulia hapo hapo. Akasema unaona, hata kitabu cha bibi yako kinasema."

Halafu akatuambia. Aliyoyasema ni yake, siyasimulii. Alisema yote akiwa ameangalia sakafu, wifi amemshika mikono, na hatukumkatiza hata mara moja. Alipomaliza aliomba maji. Nikaenda jikoni kumchotea.

Jioni ile ile tulikwenda polisi, tukampigia simu baba yake, akaja. Mwalimu alikamatwa. Kesi imeanza, inaahirishwa, inarudi, inaahirishwa tena. Mtaani nusu hawatuamkii. Mama mmoja alikuja kuchukua kitambaa chake kabla sijakikata, akasema kwa upole mwingi kwamba mambo kama haya watu wazima huyamaliza ndani. Nilimpa kitambaa chake. Nilichomwambia nacho hakiandikiki. Chiriku bado anaongea kidogo sana, na daktari anasema tusimharakishe. Usiku analala katikati yetu, wifi na mimi, tumeunganisha vitanda.

Wiki moja baada ya kwenda polisi nilimsindikiza wifi kwa mpiga chapa. Ni mtu mstaarabu, alisimama tulipoingia, aliposoma ukurasa ule akashika kichwa. Alikiri kwamba toleo lile limeshachapwa tena na tena, na liko karibu kila shule tunayoijua. Wifi akamuuliza kama hakuna aliyelalamika. Akasema malalamiko yapo, mengi tu. Baba mmoja alisema sura ya hedhi ni matusi. Mwalimu mkuu mmoja hakupenda kwamba msichana aliyechorwa kwenye jalada hakufunga vifungo vya shati mpaka juu. Kuhusu ukurasa ule, hakuna.

Tulipofika nyumbani wifi alikaa upande wake wa meza bila kuvua kitenge.

"Kosa la chapa huwa linaonekana, wifi," akasema. "Mtu anasoma, anajikwaa, anarudi nyuma. Hili wamelisoma wote. Walimu, mama zao, baba zao. Hakuna aliyejikwaa."

Akalia. Sikuwahi kumwona akilia namna ile, hata siku ya kumzika kaka yangu. Ningeweza kumbembeleza, lakini hasira zilikuwa zimenijaa, nikamwambia ukweli. Hawakujikwaa kwa sababu ndivyo tulivyolelewa sote. Mimi mama yangu aliniambia neno lile lile nikiwa mdogo kuliko Chiriku, na hakuhitaji mpiga chapa wa kumdondoshea silabi. Wifi aliacha kulia akanitazama. Hiyo sikuwahi kumwambia mtu.

Mpiga chapa aliahidi kutoa toleo lililosahihishwa. Bi Nasaha hakulisubiri. Sasa tunazunguka shule kwa shule, yeye na mkongojo, mimi na mkono wa kumshikilia. Sare hazishoneki kwa wakati, wateja wananung'unika, na wanung'unike. Mwalimu mkuu mmoja alitushauri tubandike tangazo tu ubaoni twende zetu. Mwingine aliisoma sentensi mara mbili akatuuliza kosa liko wapi.

Jana tulikuwa shule ya wasichana kule ng'ambo ya reli. Mwalimu wa darasa alitupa nafasi kabla ya mapumziko, akatoka. Wifi aliandika *si* ubaoni, kubwa, chaki ikakatika. Akawaambia wafungue ukurasa ule, wachukue kalamu, waingize herufi hizo mbili mahali pake. Wakacheka, maana tangu lini mwalimu akaruhusu kuchora kwenye kitabu. Wakaandika. Akawataka waisome sentensi yote kwa pamoja kwa sauti, wakaisoma, akawataka tena. Mara ya pili hawakucheka.

Kengele ikalia. Wakasukumana mlangoni kama wasichana wa shule yoyote, kelele hadi uwanjani. Mimi nikaokota mkoba wake, nikamshika mkono nikamwambia twende. Hakuondoka. Macho yake hayaoni vizuri, lakini alikuwa amewasikia kabla yangu. Nikageuka, nikawaona wamekaa, wanamngoja: madawati ya mbele, ya katikati, na lile la nyuma kabisa karibu na dirisha. Si wote waliotoka.