Kobe wa Kisimani

Mwanangu amenunuliwa kobe mdogo wa dukani, mwenye mstari mwekundu nyuma ya jicho. Muuzaji alisema kwao ni ng'ambo, na huishi majini. Tumemweka kwenye beseni la maji hapa nyumbani Masasi, na leo asubuhi maji yake yalikuwa yameanza kunuka matope na majani yaliyooza.

Harufu hiyo naijua. Nilikulia Makote, ambako maji ya kunywa yalikuwa ya mvua, yaliyotiririka kutoka kwenye bati hadi kisima cha saruji nyuma ya nyumba. Mwalimu wetu, mtu wa pwani, alimchora kasa ubaoni, akasema huyu anaishi majini. Mimi kasa sikuwa nimemwona. Jioni hiyo nikaokota kobe chini ya mikorosho, gamba limejaa vumbi, nikaona huyu kapotea njia. Nikafunua kisima, nikamtumbukiza.

Siku ya nne mama alivuta ndoo, akanusa, akachungulia, akamwopoa kobe, amekwisha kufa.

"Nani kamtia huyu?"

"Mimi. Mwalimu kasema wanaishi majini."

"Huyu wa nchi kavu," alisema.

Hakunipiga. Aliyamwaga maji yote kwenye mashina ya mikorosho, ndoo kwa ndoo, na mpaka mvua ziliporudi alishuka bondeni kila alfajiri kuteka mengine.

Leo nimembadilishia kobe maji. Akazama hadi chini.

"Anajua kuogelea, mama," mwanangu akasema.

Nikasimama pale mpaka kobe alipotoa kichwa juu ya maji, ndipo nikaenda kuinjika chai.