Tawi Lililoishiwa Misiba

Kabla ya mfumo wa kompyuta kuja, hakuna aliyejua Audax Kyaruzi anafanya kazi gani hasa. Cheo chake kilikuwa ofisa rasilimali watu wa tawi la Bukoba, katika kampuni ya kusambaza sabuni na mafuta ya kupikia yenye makao makuu Dar es Salaam. Mkewe, Joanitha, alipoulizwa na wanawake wenzake baada ya misa, alijibu, "Anakaa na mafaili," kwa sauti ya mtu anayetaja ugonjwa wa mumewe.

Ruhusa zilitolewa na meneja wa zamani, Mzee Mwijage, tena kwa mdomo. Ukiwa na mgonjwa unamfuata getini, unamweleza, anaitikia kwa kichwa, unaondoka. Na senene, wale panzi wanaoliwa, walipoanguka, hata kumfuata hakukuwa na haja. Mvua za Novemba zikishanyesha, asubuhi moja mji unaamka na kukuta nyasi zinatembea kwa senene. Siku hiyo Mzee Mwijage alifungua bohari kwa ajili ya lori la Muleba tu, kisha akawaachia watu waende kuokota, na jioni kila mmoja akampelekea bakuli lake. Hakuna aliyeita jambo hilo rushwa. Liliitwa adabu.

Mzee akastaafu, mfumo ukaingia.

Audax aliitwa Dar es Salaam kufundishwa, akarudi na fulana iliyoandikwa "Mfumo Haudanganywi" na mwendo mpya. Tangu hapo mtumishi aliyetaka ruhusa aliomba kwa simu, akachagua sababu moja kati ya zilizopangwa: ugonjwa, uzazi, masomo au msiba. Audax alibonyeza "Thibitisha", na ombi likageuka kijani. Alilipenda lile kijani. Mafaili hayakuwahi kumpongeza maishani. Mfumo ulimpongeza kila Ijumaa, kwa nyota.

"Sasa waitu, ndugu yangu," aliuliza Restituta, mhasibu wa tawi, akipitisha kidole kwenye simu yake, "senene wako wapi humu?"

"Senene si sababu."

"Si sababu? Wewe, Audax, uliyekuzwa na senene kule Izimbya, ndiye unayesema senene si sababu?"

Alikuwa amemshika pabaya. Audax akawaandikia makao makuu, kwa heshima zote, kuomba sababu ya tano iongezwe. Jibu lilichelewa, na lilipofika lilisema: "Tafadhali fafanua. Senene ni ugonjwa au ni sikukuu?" Akaandika ufafanuzi mrefu, hadi namna ya kunyonyoa mabawa na miguu. Hakujibiwa tena. Watu waliotunga mfumo wa kuwasimamia watu walikuwa wamemaliza kuwafikiria watu.

Senene wakaanguka Jumanne. Audax alipowasha kompyuta, maombi yalikuwa yamejipanga kama waumini siku ya Pasaka, na yote yalikuwa ya msiba. Hata uongo huo ulikuwa na utaratibu wake, uliobuniwa na Restituta. Walikuwa wamekubaliana kwamba hakuna kumwua ndugu aliye hai, maana huo ungekuwa mkosi. Wafe waliokwisha kufa. Basi asubuhi ile mababu waliopumzika miaka mingi chini ya migomba wakafa upya, na mashangazi wakawafuata. Dereva mmoja aliyeishiwa marehemu aliazima wa mkewe.

Audax akasita. Akikataa, tawi zima lingesomeka watoro, na nyota ya Ijumaa ingepotea. Akithibitisha, kila kitu kijani. Akathibitisha. Kisha akamkumbuka shangazi yake, aliyezikwa yeye akiwa darasa la nne, mama mwema ambaye hakumnyima mtu kitu. Akamwua naye, akachukua ndoo.

Aliyebaki kazini alikuwa mmoja tu, Hamidi, mtunza bohari, kijana wa Kagoma kule Muleba. Alikuwa bado katika mkataba wa majaribio. Restituta alipomshauri atafute babu, alijibu, "Dada Restituta, mimi marehemu wangu nawaombea dua. Siwatumi kazi."

"Haya, sheikh. Tutakuletea kibakuli."

Jumatano simu ya Audax ikalia. Alikuwa Bwana Riyadhi, mkurugenzi wa rasilimali watu, kutoka makao makuu.

"Audax, ndugu yangu, poleni sana. Ramani yetu hapa, Bukoba ni nyekundu tupu. Kuna nini huko?"

Audax alikuwa na senene mdomoni. Akameza bila kutafuna. "Ni... ni kipindi tu, bosi."

"Kipindi cha nini?"

"Cha kuondokewa."

Riyadhi akashusha sauti, ikawa sauti ya mtu aliyeguswa. Akasema kwamba mfumo umeshituka, na umelifunga dirisha la msiba kwa tawi la Bukoba mpaka ujumbe wa rambirambi utakapofika Jumamosi, ukiongozwa na yeye mwenyewe. Audax alishukuru kwa niaba ya wafiwa.

Alhamisi asubuhi Hamidi aliingia ofisini bila kubisha hodi, kitu ambacho hakuwahi kufanya.

"Kaka Audax, baba amefariki alfajiri hii. Tunazika leo baada ya sala ya alasiri. Mimi ndiye mtoto wa kwanza, mimi ndiye nitakayeshuka kaburini kumpokea. Nipe ruhusa niwahi."

Audax akaharakisha kubonyeza, kama mtu anayetaka kutoroka. Kioo kikaandika kwa wino mwekundu: "Tawi lako limefikisha kiwango cha misiba."

Akajaribu tena. Hali ile ile.

"Kwani kuna nini?" Hamidi akauliza.

"Misiba imeisha."

"Imeisha vipi? Baba yangu ndiyo kwanza amekufa!"

Mlangoni Restituta na wengine walikuwa wamejikusanya. Wote walijua Hamidi yuko katika hali gani. Mtumishi wa majaribio akikosa siku moja bila ruhusa, mfumo wenyewe humfuta, bila kikao na bila barua ya kujieleza. Bila upendeleo, kama Audax alivyofundishwa Dar es Salaam.

"Chagua ugonjwa," Audax akanong'ona. "Ugonjwa uko wazi. Sema tumbo."

"Baba yangu amelazwa chini amefunikwa shuka, mimi niseme tumbo?" Hamidi akamsogezea simu. "Piga simu Dar. Waambie ile misiba yote ilikuwa senene, wafungue dirisha. Ni neno moja tu, kaka."

Ni kweli lilikuwa neno moja. Audax akaishika simu. Akafikiria nyota zake. Akafikiria Joanitha, ambaye siku hizi akiulizwa baada ya misa husema, "Yuko kwenye mfumo." Restituta akakohoa mlangoni.

"Tutafukuzwa tawi zima, Audax. Tuna watoto shuleni."

"Labda tusubiri Jumamosi," Audax akasema. "Ujumbe ukifika..."

"Sawa. Nitakwenda kumwambia marehemu asubiri Jumamosi." Hamidi akaweka funguo za bohari juu ya meza, akatoka kwenda kutafuta gari la Muleba.

Alasiri, wakati ambao huko Kagoma watu walikuwa wakipokezana jeneza, kompyuta ya Audax ilitoa mlio wa furaha: "Hongera! Mtoro mmoja ameondolewa katika tawi lako." Chini yake kulikuwa na nyota.

Jumamosi Bwana Riyadhi akashuka uwanja wa ndege wa Bukoba akiwa na suti nyeusi, wasaidizi wawili na shada la maua kubwa kama gurudumu la lori. Alimpa mkono kila mfiwa mmoja mmoja. Restituta, ambaye mama mkubwa wake alizikwa kabla yeye hajabatizwa, alitoa machozi ya kweli, kwa woga.

"Sasa tupelekeni nyumba mojawapo yenye matanga," Riyadhi akasema. "Tuwafariji familia."

Katika misiba yote iliyothibitishwa hapakuwa na nyumba hata moja yenye turubai. Audax alipofungua mdomo alishangaa kusikia unasema, "Twende Kagoma."

Hamidi alikuwa ameketi mkekani na wajomba zake, kando ya migomba, udongo wa kaburi ukiwa bado mbichi. Aliliona lile shada likija kwanza, watu wakiwa nyuma yake. Hakusimama.

Riyadhi akatoa simu ili amtambue mfiwa kwa jina, akaitafuta orodha juu hadi chini. "Huyu simwoni. Ah, huyu hapa, alifutwa Alhamisi kwa utoro. Audax, mbona umetuleta kwa mtu asiye mtumishi wetu?"

"Alhamisi nilikuwa ndani ya kaburi, mzee," Hamidi akasema taratibu. "Mfumo wenu ulinifutia huko."

Wajomba wakageuka wote kumtazama Audax, kwa sababu ndiye aliyekuwa amevaa kitambulisho shingoni.

"Bosi," Audax akasema, "huu ndio msiba pekee uliokuwepo. Mingine yote ilikuwa senene."

"Senene ndiyo nini?"

"Wadudu."

"Wadudu wanaoua?"

"Wadudu wanaoliwa, bosi. Tuliomba ruhusa ya kwenda kuwaokota. Nilithibitisha mimi. Na msiba wangu mwenyewe nilithibitisha mimi."

Mjomba mmoja akacheka, akakumbuka alipo, akajifunika uso kwa kanzu. Riyadhi hakucheka. Alieleza, kwa sauti ya mtu anayesoma maelezo ya dawa, kwamba yeye hawezi kumrudisha mtu aliyefutwa. Hata mkurugenzi mkuu hawezi. Njia ni moja tu. Ofisa aliyethibitisha uongo akiri ndani ya mfumo. Hapo aliyefutwa kwa sababu ya uongo huo hurudishwa, na ofisa huondolewa. Vyote viwili kwa pamoja, bila upendeleo.

"Kitufe kiko wapi?" Audax akauliza.

Kilikuwa chini kabisa, sehemu ya "Mengineyo". Kilikuwepo tangu siku ya kwanza, na mwaka mzima hakuna aliyekifikia. Audax alitamani mtandao ukatike, lakini mtandao wa Kagoma siku hiyo ulisimama imara. Mfumo ukamuuliza: "Una uhakika?" Alipokuwa akimwua shangazi yake haukuwa umemuuliza hivyo.

Akabonyeza.

Simu ikatoa ule mlio wa furaha wa mfumo ndani ya mfuko wa kanzu ya Hamidi. Kwenye kioo cha Audax jina lake likafifia, likawa jivu, likatoweka. Riyadhi alichungulia, akaitikia kwa kichwa kuridhika kwamba kila kitu kimefanya kazi, akaenda kando na wasaidizi wake kujadili shada lirudishwe wapi.

Hamidi hakuitazama simu. Audax akasimama pale, mikono ikining'inia, bila jambo la kuthibitisha. Ndipo akagundua kwamba tangu Alhamisi asubuhi alikuwa amemwambia kijana huyu mambo mengi, isipokuwa lile ambalo mtu yeyote wa Kagera humwambia hata mpita njia. Akavua viatu, akainama, akaketi ukingoni mwa mkeka.

"Hamidi," akasema, "pole sana na msiba wa baba."

"Nimeshapoa," Hamidi akajibu, akasogea kumpa nafasi.