Nilivyowafundisha Wanawake wa Northfield Habari za Wanawake wa Ufaransa

Hakuna aliyeniomba. Niliseme hilo mapema, kwa sababu baadaye nilijizoeza kuwaambia watu kwamba nilialikwa. Kikundi cha akina mama wanaozungumza Kiswahili hukutana Jumamosi moja kila mwezi katika ukumbi wa kanisa pale Northfield, hapa Birmingham, na mke wangu ndiye katibu. Mwezi uliotangulia walikuwa wamemsikiliza mtu wa bima. Mke wangu alirudi nyumbani akisema hawataki tena habari za bima. Kabla sijamaliza kutafuna, nikasema ninaweza kwenda kuwaeleza historia ya harakati za wanawake wa Ufaransa baada ya Vita vya Pili vya Dunia.

"Wewe?" akauliza.

"Nimesoma vitabu viwili."

Kwa miaka kumi na moja nilikuwa mwandishi wa habari kule Nakuru. Siku hizi natafsiri nyaraka za watu nikiwa nyumbani, lakini mazoea ya kazi ile hayajanitoka. Niliandika kadi kumi na mbili na kuzitia namba kwa kalamu nyekundu. Kadi ya kwanza ilihusu wanawake kupata haki ya kupiga kura vita vilipoelekea kwisha. Kadi ya tano ilihusu ndoa: hadi katikati ya miaka ya sitini, mume wa Kifaransa aliweza kisheria kumzuia mkewe asifanye kazi, na benki ilitaka idhini yake kabla ya kumfungulia mke akaunti. Niliposoma hayo nilicheka peke yangu mezani.

"Watu hawa!" nikamwambia mke wangu, aliyekuwa akipiga pasi sare yake. "Usawa wameuandika hadi kwenye sarafu, halafu mtu mzima anamtolea mkewe kibali!"

"Ehe," akasema, akageuza kola.

Sasa nieleze jambo ambalo wakati ule sikuliona linahusika. Mke wangu ni muuguzi katika hospitali moja upande wa Harborne. Wiki tatu kabla ya mkutano alikuwa amepata nafasi ya kusomea uuguzi wa ngazi ya juu, ule unaomruhusu muuguzi kuandika dawa mwenyewe. Alikuwa ameisubiri miaka minne. Kila Jumanne na Alhamisi angekuwa darasani hadi jioni, mwaka mzima, na alitakiwa kuthibitisha kabla ya Jumatatu baada ya mhadhara wangu, la sivyo nafasi ingepewa mwingine. Aliponiambia, nilijibu kwamba nitalifikiria. Nikalifikiria wiki tatu, kwa uzito wa mzee wa baraza. Uamuzi wenyewe ulikuwa ndiyo. Hata hotuba fupi ya kukubali nilikuwa nimeshaitunga, nangoja tu siku nzuri ya kuitoa.

Jumamosi ilipofika nilikuta viti vimepangwa duara. Nikavipanga upya, safu kwa safu.

"Shemeji, hivyo viti vilikuwa sawa," akasema mwenyekiti, mama wa Kisii mwenye sauti ya kuongoza kwaya.

"Hivi wataniona vizuri," nikamjibu.

Walikuwa kama ishirini. Nilianza vizuri. Kwenye kadi ya tano nilingoja wacheke kama nilivyocheka mimi. Badala yake mama mmoja Mkongo, aliyewahi kuishi Lyon kabla ya kuja huku, akainua mkono.

"Papa, sheria kama ile ilifika mpaka kwetu Congo. Mama yangu alibebaka karatasi ya papa, autorisation maritale, ruhusa ya bwana, ndiyo wamupe kazi ya ualimu. Na ile sheria waliitosha, waliifuta, juzi juzi tu."

"Bahati nzuri hapa Birmingham hatuna mambo hayo," nikasema. Mke wangu, aliyekuwa akiandika kumbukumbu za mkutano, aliacha kuandika.

Kadi ya nane waliipenda. Ilihusu wanawake waliokwenda Paris kuweka maua kwenye kaburi la askari asiyejulikana, wakiwa na bango lililosema yuko asiyejulikana zaidi yake, mkewe. Kadi ya tisa ilieleza kwa nini wanawake wale walianza kukutana bila wanaume: wanaume wakija walikaa mbele na kuwaeleza wanawake mambo ya wanawake. Walitazamana, kisha wakanitazama mimi. Nikadhani hawajaelewa, nikaeleza tena.

Nilipomaliza, mwenyekiti akasimama. "Asante sana shemeji. Sasa tunaingia kwa discussion. Kwa hivyo..." Akaonyesha mlango wa jikoni.

"Kwa hivyo nini?"

"Kadi ya tisa, shemeji."

Hapo ndipo walipocheka.

Jikoni nilikopelekwa kuna kidirisha cha kupitishia sahani, na kilikuwa wazi kidogo. Sikutega sikio. Nilisimama tu mahali ambapo sauti zilikuwa zinapita.

"Mimi nina swali limelala nyumbani wiki tatu," nilimsikia mke wangu. Akawaeleza habari ya masomo.

"Bwana kasemaje?" Huyo alikuwa mama wa Unguja, jirani yetu.

"Analifikiria."

"Afikiri nini? Kwani wewe wamwomba ruhusa?"

"Siombi ruhusa. Kusoma nitasoma. Nilimuuliza Jumanne na Alhamisi itakuwaje: nani amchukue mtoto shuleni, nani apike. Kama hawezi aseme, nitafute mtu. Sasa imebaki kesho, na siwezi kusaini nikijua mtoto atasimama getini peke yake."

"Na yeye akasikia ruhusa?"

"Akashika kidevu."

Walicheka tena, kwa upole, kama watu wanaomjua mgonjwa, na huo upole ndio ulioniuma. Nilijaribu kukumbuka maneno yake ya siku ile. Niliyakumbuka yote, neno kwa neno, kama alivyoyarudia. Kwa miaka kumi na moja nililipwa kunukuu watu bila kukosea.

Tulirudi kupitia Longbridge kununua maziwa. Alipozima gari nje ya duka, hotuba yangu ilinijia yote mdomoni. Nikaimeza.

"Jumanne na Alhamisi nitakuwa getini saa tisa na robo," nikasema. "Na nitapika."

"Utapika nini?"

Hilo sikuwa nimelifikiria hata dakika moja katika zile wiki tatu.

"Ugali na mayai."

"Hiyo ni Jumanne. Alhamisi?"

"Mayai na ugali."

Alitoa simu, akafungua fomu na kuanza kuijaza pale pale kwenye maegesho, akijisomea kwa sauti. Alipofika penye mtu wa kupigiwa simu kukitokea dharura, akaandika namba ya yule mama Mkongo.

"Mbona si mimi?"

"Wewe utakuwa jikoni," akasema, akabonyeza kutuma.