Kishungi cha kuku wa Mwende

Kuku amenitoa machozi leo, na msicheke.

Ni Malkia, yule wa kishungi wa binti yangu Mwende, mwenye alienda kazi Qatar. Manyoya ya kichwa humfunika macho, kwa hivyo anatujua kwa sauti. Mwende akitoka mjini Wote alikuwa anamwita akiwa bado kwa geti.

Leo nimemfunga kishungi na raba ya nywele ya Mwende, angalau aone. Nikampigia Mwende video call.

"Malkia! Njoo ule!" Mwende akaita kwa simu.

Wueh! Kuku akachomoka mikononi, akapita simu, mbio mpaka kwa geti. Akasimama hapo, shingo juu.

"Mum, ameenda wapi?"

Hata mimi nilikuwa naangalia geti.