Delila aliyefichwa Beni

Saa mbili asubuhi mjini Butembo, umeme umekatika tena. Kavugho Mariette anashusha pumzi, anaweka chini kipande cha pamba na kuitazama kompyuta iliyozimika kwa jicho baya.

Mezani pake kuna mkanda wa filamu ya zamani ya Samsoni, mali ya parokia, ambayo watu wengi wa hapa waliitazama utotoni kwenye ukuta wa shule. Kavugho, fundi wa picha mwenye miaka arobaini na tatu, anaufuta ukungu kwa mkono, kisha anaupiga mkanda picha kidogo kidogo ili ifikapo Pasaka filamu ionekane safi kwenye televisheni za kisasa za majumbani.

Ukungu haumsumbui. Kinachomchosha roho ni kipara.

"Samsoni anaingia mu hema na manywele mingi, anatoka kipara," anasema. "Nani alimunyoa? Hapana mutu anajua. Nikiwa mutoto niliuliza katekista, akasema ni juu ya machawa!"

Ukweli ni kwamba padri wa zamani, ambaye sasa ni marehemu, alichukizwa na mabega wazi ya Delila. Akamwagiza mwonyesha filamu, Edmond Lusenge, akate sehemu zote za mwanamke huyo na kuzichoma moto. Edmond alikata. Kuchoma, hakuchoma.

Vipande hivyo viko mjini Beni, chini ya kitanda cha mzee huyo, ndani ya mkebe wa biskuti. Vimeanza kunuka siki, dalili kwamba mkanda unaoza, na vikiendelea kukaa huko Delila atapotea kabisa. Kavugho amekwenda kuviomba tena na tena. Kila safari analishwa ugali na mboga ya sombe, anasifiwa kazi yake, kisha anarudi mikono mitupu.

"Papa Edmond, toa tu, filme inaoza!" alimsihi wiki iliyopita.

"Mama, nilishaambia mon père kama nilichoma," mzee akajibu, akimkumbuka yule padri marehemu. "Akanipa na baraka. Sasa Delila atokee ku écran, parokia yote itasema nini? Kumbe Edmond ni mwongo, na komunio anakula kila dimanche?"

Akamwomba Kavugho aseme ameviokota katika mji wa Mangina. Kavugho nusura alie kwa hasira. Uongo ufichwe kwa uongo, tena ndani ya filamu ya Biblia!

Butembo nako hana raha. Kamati ya akina mama wa parokia imeshaagiza kwamba Delila akipatikana, kompyuta imvishe kitenge.

"Eti kompyuta inaweza yote," anasema, akibana midomo. "Mais bila umeme itaweza nini?"

Hata hivyo hajakata tamaa. Paroko wa sasa, Padri Henri, amekubali kwenda naye Beni Jumamosi, barabara ikiruhusu, amwungamishe mzee palepale sebuleni kwake.

"Mon père atabeba zambi," anasema Kavugho, "na mie nitabeba Delila."